Siku Nilipomlilia Mhispania

Juzi mteja wangu mmoja alinionyesha kichekesho kwenye simu yake: mpishi mnene mwenye aproni anapigana na samaki asiyetaka kukatwa. Mteja alicheka mpaka nikamwambia atulie nisije nikamchoma na pasi ya nywele. Nilipotazama vizuri nikamtambua mpishi. Tumbo lilikuwa la bandia, na masharubu pia, lakini namna anavyokunja paji la uso kabla ya kusema jambo naijua, maana paji hilo nimelipaka poda asubuhi nyingi.

"Huyu nimeshamlilia kwenye jeneza," nikasema.

Mteja akanitazama kwenye kioo, kisha akarudi kwenye simu yake. Sikumlaumu. Mimi mwenyewe nikijaribu kusimulia habari ile sijui nianze na Mhispania huyo au nianze na mdogo wangu, na nikianza na mmoja najikuta nimefika kwa mwingine.

Mimi ni msusi. Nina kiti changu kwenye saluni katikati ya Durban, kwenye barabara ya maduka ya simu na nywele, ambako taxi zinapiga honi tangu kunapopambazuka. Kwetu ni Uvira, mji wa mpakani na Burundi. Asubuhi moja aliingia Mzungu mwembamba mwenye shati lililokunjamana, akauliza kwa Kiingereza kama tuna wigi za wanaume. Nikamwambia hatuna. Akauliza tena kwa Kifaransa. Nikamwambia kwa Kifaransa kwamba hatuna. Basi akachukua wigi ndefu ya kike iliyokuwa rafuni, akaivaa, akainamisha shingo kidogo, na pale pale mbele ya kioo akawa bibi kizee aliyechoshwa na wajukuu. Hakufanya kingine chochote. Wateja walicheka. Mimi nilikasirika, kwa sababu wigi ile ilikuwa ya mtu na yeye kichwa chake kilikuwa na jasho.

Aliomba radhi kwa heshima nyingi. Ndipo akaeleza kwamba anatengeneza sinema katika nyumba moja mtaa wa Morningside, na mtu wake wa nywele ameugua amerudi kwao. Alitaka mtu wa kumzeesha na kumfanya kijana. Nilidhani nimesikia vibaya, lakini kazi ni kazi, nikakubali.

Sinema yenyewe ilikuwa ya mtu wa nchi yake aliyekuja Afrika kijana, akaishi mji wa bandari, akazeekea hapo na kufa kati ya wageni. Yeye ndiye aliyeitunga, yeye ndiye mwongozaji, na yeye ndiye huyo mtu tangu ujana hadi kaburini. Hilo ningeweza kulielewa. Kilichonishinda ni mpangilio. Jumatatu alikuwa mzee wa kutembelea fimbo. Jumanne alikuwa kijana anayechumbia. Jumatano mke alikuwa ameshamwacha, na Alhamisi ndiyo wakafunga ndoa. Nilipouliza kwa nini, alisema mwigizaji wa kike anaondoka Ijumaa na mwenye nyumba anataka sebule yake. Nikafikiri, kumbe maisha ya mtu yanaweza kupangwa kwa kumfuata mwenye nyumba. Nikachanganya poda nyeupe, nikaendelea.

Shida kubwa ilikuwa kujua ninaongea na nani. Asubuhi moja alinikaripia kwa kuchelewa, sauti nzito, mkono ukitetemeka juu ya fimbo. Nilimjibu kama ninavyomjibu yeyote anayenikaripia kabla sijanywa chai. Akanisikiliza mpaka mwisho, akatabasamu, akauliza kama anaweza kulitumia jibu langu, kwa sababu alikuwa anafanya mazoezi. Siku nyingine aliniuliza kwa upole sana kama nina ndugu, wako wapi, wazima? Mimi nikajua haya tena ni mazoezi, nikanyamaza, nikakaza pini. Nilipoinua macho nikaona ananisubiri. Safari hiyo alikuwa ameuliza kweli, na nafasi ya kujibu ilikuwa imepita.

Wakati wa poda alinisimulia kazi zake, nami nilijaribu kuzipanga kichwani nikashindwa. Alianza kwa kuchekesha watu kwenye mikahawa wakati wanakula. Halafu televisheni ikamchukua, akawa polisi mjinga kwa miaka. Watu walipomzoea kuwa mjinga akaiacha, akatengeneza sinema ya kutisha ndani ya nyumba ya shangazi yake, na shangazi ndiye mzuka. Baada ya hapo sinema ya nyimbo, ingawa alikiri hajui kuimba. Halafu akakaa na wachuma zeituni, akawapiga picha wakifanya kazi bila kusema neno. Amekuwa padri, mwizi, jaji, mwanamke. Ulikuja wakati hakuna aliyempigia simu, akawa anatia sauti kwenye katuni za watoto, sauti ya bata. Kisha wakamkumbuka tena. Alisema kwao wapo wanaompenda kwa vichekesho ambao hawajui kama ndiye yule wa sinema za kutisha, na wakiambiwa wanabisha.

"Kwetu tunasema mshika mbili moja humponyoka," nikamwambia.

"Kwetu wameliandika kwenye magazeti," akasema, "ila kwa maneno mengi zaidi."

Nilimpenda kwa jibu lile.

Sasa mdogo wangu. Vita vilipoukaribia mji wetu, watu walianza kuvuka kwenda Burundi. Yeye alimvusha mama, akamwacha kwa jamaa, akarudi kuangalia nyumba. Alisema atakuja kesho yake. Mapigano yalipotulia mama alirudi Uvira, akakuta mlango umefungwa kwa kufuli na kijana hayupo. Tangu hapo hakuna aliyemwona wala aliyesema amemwona akifa. Simu yake haiiti. Wanawake wa mtaani walipokuja na mikeka yao kukaa kilio, mama aliwafukuza. Alisema hakuna mwili, kwa hiyo hakuna kilio, na yeyote atakayemwita mwanawe marehemu asikanyage tena uani kwake. Mimi huku Durban nilishika amri hiyo hiyo. Kanisani walipotaka kumtaja katika maombi ya waliotutangulia niliwakatalia. Kila nilipompigia mama tuliongea habari za bei ya unga na magoti yake. Nilikuwa na hofu moja tu, kwamba siku moja mimi ndiye nitakayemvunjia mama tumaini lake.

Ikafika siku ya maziko ya sinema. Walikodi ukumbi Queensburgh, wakaweka jeneza. Mhispania alitaka waombolezaji, akaniomba nilete wanawake wa kwetu. Nikawaalika mama zetu wa kanisani, nikawaambia ni sinema, waje na vitenge vya msibani. Walikuja wamependeza kupita kiasi, na kiongozi wao, mama mmoja mpana mwenye sauti ya kuongoza nyimbo, akawapanga kwenye mikeka.

Mhispania akalala ndani ya jeneza, mikono kifuani. Uso wake nilikuwa nimeupaka mwenyewe rangi ya majivu. Kamera ikaanza. Wanawake wakalia, lakini kilio chenyewe kilikuwa kibovu, kila mmoja akichungulia kamera. Kutoka kwenye jeneza ikatoka sauti: "Kata." Maiti akainua kichwa, akasema turudie. Tukarudia. Akakata tena.

Kiongozi wa akina mama akaweka mikono kiunoni. "Sasa mufu anasema, anatugombeza. Sisi tulie nani? Hii muzungu hatumujue. Hatujue hata kama alikuwa na batoto."

Na alikuwa na haki. Kwetu mtu haliliwi kwa sauti tupu. Unamsemesha. Unamwambia alivyokuwa na alichokuachia, na ukiwa humjui unamlilia wa kwako kupitia kwake. Nilimtafsiria Mhispania. Akafikiri, bado amelala, akitazama dari. Akaniambia: "Basi nisemeshe wewe. Sema chochote kwa lugha yako. Mimi sitaelewa."

Nilipiga magoti kando ya jeneza nikikusudia kusema upuuzi. Nilitaka kumwambia kwamba alinichafulia wigi. Nilifungua kinywa, na kilichotoka sikukiita.

"Ndogo yangu," nilisema, "ulisema unaenda na unarudia. Sasa umelala wapi? Nani alikufunika? Ile shati nilikutumia, uliivala?"

Nyuma yangu kiongozi wa akina mama akapiga ukelele ambao sijausikia tangu nitoke Uvira, na wote wakaangua kilio. Wengine walijitupa chini. Mmoja alinishika mabega akinivuta kifuani kwake. Sikujua nafanya nini. Nilijua ni sinema, niliona taa, niliona mtu mwenye kipaza sauti juu ya kijiti, na bado nililia.

Safari hii Mhispania hakusema kata. Kamera ilipozimwa alikaa ndani ya jeneza, rangi ya majivu imechirizika mashavuni. Alifurahi kama mtu aliyepata alichokuwa akikitafuta, na machozi yalikuwa yakimtoka. Sikujua ni yupi kati ya watu wake wote aliyekuwa analia, na nilimchukia kidogo. Nilikusanya brashi zangu nikaenda nyumbani bila kuaga.

Asubuhi yake sikwenda Morningside. Nilikuwa najikaangia yai mlango ulipogongwa. Walikuwa wale wanawake, na mikeka, na sufuria, na unga wa fufu. Waliingia bila kungoja kukaribishwa. Wawili wakalisukuma kochi langu ukutani, mwingine akazima jiko na kuondoa yai langu. Kiongozi akanishika mkono, akanikalisha chini.

"Tunakuja kukaa na weye," akasema.

Nikamwambia hakuna aliyekufa. Ilikuwa sinema.

"Njo vile, ndiyo, mama. Bote banasemaka vile mwanzo. Kunywa maji."

Ilinichukua muda kuelewa, na ninayeeleza sasa ni mimi wa leo, si yule wa siku ile. Kwetu habari ya kifo mtu hapigiwi simu akaambiwa. Unaambiwa twende kwa fulani mara moja, au kuna maombi. Ukifika unakuta watu wamejaa, wenye nguvu wamekaa karibu nawe wakudake, ndipo unasikia. Habari ya baba yangu mimi mwenyewe niliipata hivyo, nimeitwa kwenye ubatizo wa mtoto nisiyemjua. Sasa wanawake hawa walikuwa wamefikiri: huyu dada miaka yote hataki kilio, leo anatukusanya tumevaa vitenge, kuna jeneza, anapiga magoti anamwita mdogo wake. Kwa hiyo amepata habari, ikamlemea peke yake, akatafuta mahali penye watu aitoe. Sinema waliijua kuwa ni sinema. Waliona nimeitumia tu, kama sisi wa kwetu tunavyotumia maombi na ubatizo.

Kila nilipokana walinikumbatia zaidi. Nilipopandisha sauti walinisifu kwa kuitoa sumu. Mwishowe mimi ndiye niliyeanza kutetereka. Niliwatazama nyuso zao, nikaona huzuni isiyokuwa na shaka hata chembe, nikajiuliza: je, kama wao ndio wanaojua? Je, kama ni mimi ninayefichwa, na huku kujifanya wamenisikia mimi ni njia yao ya kunikalisha chini? Kuna kilichosikika Uvira?

"Munajua kitu?" nikawauliza. "Munieleze tu, nitavumilia."

Wakainamisha macho. Walidhani akili yangu imechoka. Mimi nikadhani wameinamisha macho kwa sababu wanajua.

Katikati ya hayo mlango ukagongwa tena. Nikafungua. Mhispania alikuwa amenisubiri Morningside, akaona kimya, akajivika mwenyewe wigi nyeusi ya ujana, akaja. Siku hiyo kazi yake ilikuwa kuwa na miaka thelathini. Wigi ilikuwa imekaa upande. Mwanamke mmoja alisimama akajishika kichwa.

"Eish," kiongozi akasema polepole, "huyu si mufu wa jana?"

"Njo yeye," nikajibu, "ndiye."

"Na leo ni kijana."

Wakamsogezea nafasi kwenye mkeka. Nadhani wangemsogezea nafasi hata malaika, alimradi amekuja msibani. Aliketi, miguu mirefu haijui pa kwenda, akaniuliza kwa Kifaransa kuna nini. Nikamweleza: mdogo wangu, kufuli, mama na amri yake, maneno niliyoyasema jana kando ya jeneza. Alivua wigi akaiweka magotini. Kwa mara ya kwanza hapakuwa na mtu mwingine usoni kwake, au kama alikuwapo sikumwona.

"Mama yangu," akasema, "hakuwahi kwenda kutazama sinema yangu kabla sijamwambia kama mwishoni nitakuwa hai. Nikifa ndani yake, alikuwa anataka nikae kando yake nimshike mkono mpaka taa ziwake." Akaigeuza wigi. "Nitakata kipande kile. Hakuna atakayesikia sauti yako. Nitafanya kama hukuwahi kusema."

Nilitaka akikate. Nilitaka pia kisikatwe, kwa sababu ni mahali pekee nilipowahi kumuuliza mdogo wangu amelala wapi. Nilimwambia sijui.

Kiongozi akataka kufahamu tunaongea nini, nami nikamtafsiria kwamba huyu anaweza kuyafuta maneno yangu ya jana yasimfikie mtu. Akamtazama Mhispania kwa huruma.

"Hapana kusumbuka," akasema. "Kule tulishatuma message. Dada yangu iko Uvira. Tulimuambia bamama benda bakae na mama yako. Lakini hakuna mwenye atamueleza kitu, usiogope. Bataenda tu kukaa."

Nilisimama. Nilihisi hasira imenipanda hadi masikioni, na chini ya hasira kulikuwa na woga mtupu. Mama si mgeni. Anajua maana ya wanawake kuingia uani kimya kimya na kuanza kufagia. Wazee walisema lisemwalo lipo, na kama halipo laja, na mimi ndiye niliyelisema, kwa sauti, mbele ya kamera na watu. Nilimwambia kiongozi maneno makali ambayo mtoto hamwambii mzazi. Alipokea kichwa kikiwa chini, akiamini ni uchungu wa msiba.

Simu yangu ikaita. Alikuwa mama.

"Mutoto yangu," akasema, "bamama bamejaa mu parcelle yangu, uani kote. Bamefagia. Banachota maji. Hakuna mwenye anasema kitu. Ulisikia nini?"

"Sikusikia kitu, mama. Ilikuwa sinema."

Nilimweleza yote, haraka, nikichanganya mwanzo na mwisho: Mhispania anayezeeka Jumatatu, jeneza la Queensburgh, akina mama wa kanisani. Akaniuliza nilisema nini pale kwenye jeneza. Sikutaka kusema. Akauliza tena kwa ile sauti ambayo haikataliwi, nikamwambia neno kwa neno, pamoja na shati. Upande wake nilisikia ndoo ikiwekwa chini na fagio likikwaruza.

"Kwa hiyo hakuna habari," akasema.

"Hakuna."

"Hata kidogo."

"Hata kidogo, mama. Nitawaambia hawa wa huku batume message ingine sasa hivi, bale ba huko barudie kwao. Nitasema ni makosa yangu."

"Ngoja."

Wanawake wote walikuwa wananitazama. Mhispania naye alinitazama, na ingawa hakuelewa hata neno aliacha kuvuta pumzi, nadhani kwa mazoea ya kazi.

"Tangu aende," mama akasema, "hakuna mutu alikuya kukaa na miye. Nilibafukuza siku ile, hawakurudi. Hawajue batasema pole ao hapana. Bananipita mu njia. Leo nyumba iko na batu." Sauti yake ilikuwa ya kawaida kabisa, ile ya kuongea habari za unga. "Usibaambie ni sinema. Baache bakae kwanza."

Akakata.

Nilibaki na simu sikioni. Mhispania akaniuliza kwa Kifaransa mama yangu amesema nini, na kiongozi wa akina mama akauliza hilo hilo kwa Kiswahili, wote kwa wakati mmoja.

Nikaketi kwenye mkeka kati yao.

"Amesema mukae," nikawaambia.